Gavana Katikati, Hamali Ukingoni: Kutengeneza Filamu ya Majaribio kwa Mikanda ya Zamani

Ukiinua mkanda wa milimita 16 mbele ya dirisha, jicho hukimbilia picha: gavana anashuka ngazi za ndege, askari wanapiga saluti, bendi inapita. Anza na ukingo kwanza. Matundu yako upande mmoja au pande zote mbili? Kuna mstari wa sauti, ule utepe mwembamba wenye mawimbi au milia? Kuna alama ndogo za duara, mraba, pembetatu au jumlisha? Kodak walizichapa kando ya filamu kutaja mwaka ambao filamu mbichi, yaani ambayo bado haijapigwa picha, ilitengenezwa. Kwa kawaida alama hizo hujirudia kila miaka 20, kwa hiyo ileile inaweza kumaanisha 1943 au 1963, na ni juu yako kuamua kwa kutazama magari, majengo na bendera iliyo mlingotini. Tena mwaka huo ni wa filamu mbichi tu. Kopi iliyochapishwa 1963 inaweza kubeba picha zilizopigwa miaka mingi kabla.

Wengi hudhani filamu ya majaribio ya picha za kumbukumbu, yaani filamu ya kisanaa inayoundwa upya kutoka mikanda ya zamani, ni kazi ya kukatakata upendavyo. Mimi nashikilia kinyume chake. Mwenye haki ya kuuvuruga mkanda ni yule anayeujua: nani aliupiga, kwa pesa za nani, kwa kasi gani, na nini kilibaki ukingoni mwa fremu bila mpiga picha kukitaka. Picha nyingi za Kenya ya kabla ya 1963 zilipigwa kwa ajili ya serikali ya kikoloni au kampuni za habari za London. Kamera ililipwa imtazame gavana, lakini lenzi haichagui. Pembeni kuna hamali aliyebeba viti, mama aliyesimamishwa apishe msafara, mtoto aliyegeuka kuangalia kamera. Filamu yako iko pale, na kuitoa kunahitaji kazi ya mikono kabla ya kazi ya kompyuta.

Nairobi, mlango wa kwanza ni Makavazi ya Kitaifa, Moi Avenue, katika jengo lililokuwa la Bank of India. Kuna mkusanyo wa KBC, shirika la utangazaji la taifa, uliorithiwa kutoka VOK (Voice of Kenya), na kuna Camerapix, kampuni ya mpiga picha wa habari Mohamed Amin aliyefariki 1996. Kila mahali pana taratibu zake na ada zake, kwa hiyo nenda na barua inayosema wazi unatafuta nini, miaka ipi, na utakitumia wapi. Barua ya kusema "naomba picha za zamani za Nairobi" humchosha mtunza kumbukumbu na haikuletei kitu.

Sehemu kubwa ya picha zetu iko Uingereza. Orodha ya Colonial Film, inayojumuisha mikusanyo ya British Film Institute na Imperial War Museums, inaeleza maelfu ya filamu za makoloni, na baadhi zinatazamwa papo hapo mtandaoni. British Pathé waliweka filamu 85,000 YouTube mwaka 2014. Hapa wengi hukwama kwa sababu wanatafuta kwa majina ya leo. Aliyeandika kadi ya katalogi mwaka 1951 hakuijua Murang'a, aliandika Fort Hall. Nyahururu ni Thomson's Falls, Webuye ni Broderick Falls. Mjini, Moi Avenue ni Government Road, Kenyatta Avenue ni Delamere Avenue, barabara ya Kimathi ni Hardinge Street, ya Tom Mboya ni Victoria Street. Tafuta pia kwa shughuli badala ya mahali: maonyesho ya kilimo, ziara ya kifalme, chanjo, mnada wa ng'ombe. Na daima uliza kama kuna mabaki, yaani shoti ambazo hazikuingia kwenye filamu iliyokamilika. Mhariri wa mwaka 1954 alitupa kile ambacho hakikumfaa mwajiri wake, na mara nyingi ndicho kinachokufaa wewe.

Kopi ya YouTube ni ya kutazamia tu. Imebanwa, vivuli vimegeuka vipande vya mraba, na ukiikuza kutafuta ule ukingo hutapata uso wa mtu, utapata madoa ya kompyuta. Panga bajeti ya kununua kopi safi ya sekunde unazozihitaji.

Ukipata mkanda wenyewe mkononi, tumia pua. Harufu ya siki inamaanisha kwamba selulosi asetati inaoza na kutoa asidi ya asetiki, na asidi hiyo huharakisha kuoza zaidi. Iweke rili hiyo mbali na nyingine, kwenye boksi la karatasi lenye upenyo wa hewa, kamwe si kwenye mfuko wa plastiki uliofungwa. Kuna vikaratasi vya kupima vinavyogeuka kutoka buluu kwenda kijani hadi manjano, na vinapokaribia kijani kibichi usiahirishe skani. Kama mkanda ni wa milimita 35 na ni wa kabla ya miaka ya 1950, uchukulie kuwa ni naitreti, filamu ya zamani inayoshika moto haraka, mpaka ithibitike vinginevyo. Naitreti huwaka hata bila hewa ya kutosha, na haifai kuguswa na mtu asiye na mafunzo. Kwa milimita 16 hofu hiyo karibu haipo, kwani ilianzishwa 1923 ikiwa ya filamu isiyoshika moto kirahisi.

Halafu pima kusinyaa, jambo linalorukwa na wengi. Hesabu fremu 100, zinyooshe juu ya rula ya chuma bila kuzivuta. Kwenye kopi ya kuonyesha, fremu 100 zinapaswa kuwa milimita 762. Negativu, yaani filamu iliyopita ndani ya kamera, huwa na matundu yaliyokaribiana kidogo, na zake ni kama 760.5. Ukipata 756 kwenye kopi, mkanda umesinyaa karibu asilimia 0.8, na hapo ndipo meno ya projekta huanza kuchana matundu. Kuanzia asilimia 1, usiupitishe kwenye mashine yoyote ya meno. Unataka skana inayosukuma mkanda kwa roli laini, au uhamishe fremu moja moja kwa mkono.

Usafi: glavu za nitrili, kitambaa laini cha maikrofaiba, na mkanda upite polepole kutoka rili hadi rili. Kama kuna mafuta, isopropili ya asilimia 99, kidogo sana, ukijaribu kwanza mwishoni mwa rili. Spiriti ya duka la dawa ina maji mengi, na maji huvimbisha jelatini inayoshika picha. Viungo vilivyoachia virekebishwe kwa tepu maalumu ya filamu yenye matundu. Selotepu ya dukani gundi yake hutoka taratibu na kugandisha mizunguko miwili ya jirani, na baadaye ukiifungua unang'oa picha. Ongeza angalau mita 2 za mkanda mtupu mwanzoni na mwishoni, maana sehemu hizo ndizo huumizwa na mashine.

Skani ya kitaalamu ndiyo bora. Lakini kwa filamu ya majaribio, ya kujitengenezea ina faida moja kubwa: unaamua ni nini kinaingia kwenye picha. Skana nyingi za kibiashara hukata kila kitu nje ya fremu, na pamoja nacho yanaondoka matundu, mstari wa sauti na alama za mwaka. Unachohitaji ni projekta kuukuu iliyotolewa balbu, taa ya LED yenye kipimo cha uaminifu wa rangi (CRI) cha 95 au zaidi kati ya 100, kioo cheupe cha kutawanya mwanga, na kamera yenye lenzi ya makro ya uwiano wa 1:1, yaani kitu kinafika kwenye sensa kwa ukubwa wake halisi. Vipande vya umeme hupatikana Luthuli Avenue, na bati na chuma cha kushikilia vitu mahali pake hutengenezwa na mafundi wa Kamukunji ukiwapelekea mchoro wenye vipimo.

Usikimbilie kamera yenye sensa kubwa. Fremu ya milimita 16 ina upana wa milimita 10.26 tu. Kwenye sensa ya milimita 36 yenye pikseli 6,000 kwa upana, fremu hiyo inapata pikseli 1,710 hivi. Kwenye sensa ndogo ya milimita 23.5 yenye pikseli 6,000 zilezile, inapata takribani 2,620, na mkanda mzima pamoja na matundu bado unaingia. Tumia shata ya kielektroniki. Rili ya futi 400 ni dakika 11 na sekunde chache kwa kasi ya fremu 24, yaani fremu 16,000, na shata ya mitambo haikuundwa kwa mzigo huo. Kila faili ghafi ikiwa megabaiti 25, rili moja ni gigabaiti 400. Nunua diski kabla ya kuanza.

Umeme wa Kenya ni volti 240, hezi 50. Taa za bei nafuu hupepesa mara 100 kwa sekunde, kwa hiyo zilishe kwa umeme wa mkondo mmoja (DC) kutoka betri au adapta nzuri, au weka shata 1/50. Na ukinunua projekta ya Marekani, transfoma ya kushusha volti hadi 110 inatatua nusu ya shida tu. Mota nyingi za aina hiyo hufuata hezi: iliyoundwa kwa 60 ikipewa 50, fremu 24 zinakuwa 20 na sauti inashuka karibu nusu-toni tatu. Baadhi ya mashine zina puli ya kubadilisha kwa ajili hiyo. Stima ikipotea katikati ya skani, kinachoumia mara nyingi ni diski, hivyo UPS, betri ya dharura, ifungwe kwenye kompyuta kabla ya kitu kingine chochote.

Kanda za video ni habari fupi zaidi. U-matic, Betacam na VHS za hapa ni za mfumo wa video wa PAL: mistari 576, fremu 25, kila fremu ikiwa nusu-fremu mbili zilizopigwa kwa wakati tofauti. Programu ikitupa nusu moja, umepoteza nusu ya mwendo, kwa hiyo zigeuze zote ziwe picha 50 kwa sekunde. Tumia kifaa cha kusawazisha muda wa mawimbi kati ya deki na kompyuta, la sivyo picha itapinda juu. Kanda yenye ukungu mweupe isiingizwe kwenye deki kabla ya kusafishwa, kwani ukungu huhamia kwenye kichwa cha deki na kuambukiza kanda zinazofuata.

Kabla ya kuhariri, andika jedwali. Namba ya rili, fremu ya kuanzia na ya kuishia, kasi, nani alipiga na kwa ajili ya nani, na safu mbili ambazo wengi hawaziweki: nani anaangalia lenzi, na nani yuko ukingoni. Safu hizo mbili ndizo zitakazokutengenezea filamu. Weka nakala tatu za kila faili, moja ikae nje ya nyumba yako.

Sasa kasi. Kamera nyingi za enzi hizo ziliendeshwa kwa springi. Kamera ya Bolex ikijazwa ufunguo hadi mwisho hukimbia takribani sekunde 28 kwa fremu 24. Urefu wa shoti nyingi za ukoloni haukuamuliwa na tukio wala na mpiga picha, uliamuliwa na springi. Ukilijua hilo, unaacha kuona shoti fupi kama mtindo. Fremu chache za kwanza za kila shoti huwa zimechomwa na mwanga kwa sababu kamera haijafika kasi yake. Mhariri wa zamani alizikata. Wewe zihifadhi. Ndani ya fremu hizo tatu au nne nyeupe, watu bado hawajajipanga. Ni sekunde ndogo mno, lakini zikirudiwa zinaonyesha sura ya mtu kabla ya kuamriwa atabasamu.

Filamu iliyopigwa kwa fremu 16 ikichezwa kwa 24 hukimbia mara moja na nusu, na watu wanageuka vichekesho. Rudia kila fremu ya pili, 1, 2, 2, 3, 4, 4, na mwendo unarudi wa kibinadamu. Ya 18, rudia kila ya tatu. Usitumie programu zinazobuni fremu za katikati: mikono huyeyuka, jembe huingia ndani ya mguu. Zaidi ya ubaya wa macho, fremu hiyo haikuwahi kuwapo. Nasema hivyohivyo kuhusu kupaka rangi kwa akili mnemba. Picha za Operesheni Anvil, msako wa serikali ya kikoloni dhidi ya Mau Mau, Aprili 1954, watu wa Nairobi wakiwa wamechuchumaa wakikaguliwa, hazina rangi ndani yake. Programu haijui shati la yule mtu lilikuwa la rangi gani, inabahatisha, na mtazamaji ataiamini bahati hiyo kuliko ushahidi.

Kitanzi, yaani kipande kifupi kinachojirudia bila kukoma, ndicho chombo chenye nguvu kuliko vyote, na urefu wake hubadilisha maana. Fremu 8 zikizunguka huwa mtetemo, hakuna anayeona mtu tena. Fremu 12 ni kama mashine. Karibu na 24, mama anayegeuza kichwa anakuwa na pumzi. Ukipita 40 mtazamaji anasahau kwamba ni kitanzi na anasubiri tukio. Jaribu kitanzi kile kile kikikua kwa fremu mbili kila mzunguko, kuanzia 8 hadi 40, na utaona mtu akitokea polepole kutoka kwenye mtetemo.

Kukuza ukingo kuna mpaka. Skani ya pikseli 2,600 inavumilia kukatwa hadi robo ya upana, kisha chembechembe za filamu zinameza sura. Wakati mwingine kumezwa huko ndiko unakokutaka, ila kuwe ni uamuzi wako. Vuta taratibu, kwa sekunde 20 au 30, kutoka kwa gavana hadi kwa hamali, na usiweke muziki. Muziki humwambia mtazamaji ahisi nini kabla hajatafuta aangalie nini.

Sauti ya msimuliaji, ile lafudhi ya London inayoeleza "wenyeji" wanafanya nini na kwa nini wanashukuru, hushawishi kuondolewa yote. Nashauri usiondoe yote. Kwenye kopi ya milimita 16, sauti imechapwa fremu 26 mbele ya picha yake, zaidi kidogo ya sekunde moja. Aliyekata mkanda kwa mkasi zamani alijikuta na maneno ya shoti moja yakianguka juu ya picha nyingine. Ifanye hitilafu hiyo kuwa kanuni: kila mkato, acha fremu 26 za sauti ya awali ziingie juu ya picha mpya. Neno la sifa kwa gwaride linaangukia safu ya watu wanaokaguliwa vipande, vile vitambulisho vya kikoloni. Hujaongeza hata silabi moja. Na kama umeskani upana wote, mstari wa sauti unaonekana pembeni ukicheza. Msimuliaji anageuka kuwa mchoro mweusi unaoweza kukatwa kimya.

Kazi ya kukwaruza na kemikali ifanywe juu ya kopi isiyo ya pekee: tangazo la biashara, filamu ya mafunzo yenye nakala nyingi, kopi iliyofifia ikabaki nyekundu tupu. Mkanda pekee wa watu waliozuiliwa wakati wa Hali ya Hatari, miaka ya vita vya Mau Mau, haufukiwi udongoni kwa sababu ya madoa mazuri.

Upande wa emalsheni, tabaka la jelatini lenye picha, ni ule usiong'aa. Kwenye kopi za rangi, tabaka la juu ni majenta, chini yake sayani, chini kabisa manjano. Ndiyo maana mkwaruzo mwepesi hutoa kijani, wa kina zaidi manjano, na wa kufika chini hutoa weupe. Sindano ya kushonea na mkono mwepesi vinakupa rangi tatu bila wino. Jiki iliyochanganywa na maji, kipimo 1 kwa 10, hufanya vivyo hivyo kwa eneo pana: sekunde 30 kingo zinaanza kutiririka, dakika 2 unaweza kubaki na plastiki tupu. Suuza kwa maji baridi, tundika siku nzima pasipo vumbi. Onyo la kushika kabisa: jiki ikikutana na asidi hutoa gesi ya klorini, na mkanda unaonuka siki una asidi. Usiutie. Fanya kazi hiyo nje au dirisha likiwa wazi, na mkanda uliomenyeka usiupitishe kwenye projekta ya kuazima. Uskani fremu kwa fremu.

Haki zina tabaka. Kwa Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001, kazi za sauti na picha hulindwa miaka 50 kuanzia mwisho wa mwaka zilipotengenezwa, kufikishwa kwa umma au kuchapishwa mara ya kwanza, lolote lililokuja mwisho. Hata muda ukipita, muziki uliomo ndani unaweza kuwa na mwenyewe, na anayekupa skani atakufunga kwa mkataba. Usome mkataba huo mahali panaposema kuhusu kubadilisha picha: baadhi huruhusu kutumia na kukataza kugeuza, na kazi hii yote ni kugeuza. Kabla ya onyesho la hadharani filamu inapelekwa kwenye bodi ya uainishaji, KFCB.

Siku ya onyesho, iwe ni Goethe-Institut pale Maendeleo House au ukumbi mdogo Kilimani, omba nusu saa ya majaribio. Fremu ya milimita 16 ni 1.37 kwa 1, karibu mraba, na projekta za ukumbini zimewekwa kwa skrini pana. Mtu mwenye nia njema akibonyeza kitufe cha kujaza skrini, anakata juu na chini, na wale watu wa ukingoni uliowatafuta miezi wanatoweka. Weka mwanzoni mwa faili sekunde 10 za kadi yenye duara na mishale inayogusa kingo zote nne. Duara likiwa yai au mshale ukipotea, simamisha.

Majina ya mwisho nayo ni kazi. Mpiga picha wa serikali ametajwa kwenye katalogi, hamali hakutajwa. Kwa kila mtu uliyemkuza, andika namba ya rili, fremu, mahali na mwaka kama unavyojulikana, na kadi ikae skrini muda wa kutosha mtu kuipiga picha kwa simu. Nairobi watu hutambua shangazi, babu, duka la jirani. Tunza mradi wa uhariri ukiwa wazi na fonti zake, ili jina likiletwa baada ya onyesho liingizwe kwenye kopi inayofuata, na upeleke nakala ya jedwali lako kwa makavazi ulikoichukua picha, waandike jina hilo kwenye kadi yao pia.